Sura ya Nne: Maji ya Bamvua

Siku mbili tatu baada ya mwezi kuandama, ukisimama ufukweni Paje, mashariki ya Unguja, utaona bahari imeondoka. Alfajiri ilikuwa juu, karibu na mizizi ya minazi. Inapofika saa nne asubuhi imerudi nyuma kuelekea mwamba, na pale palipokuwa na maji ya kumzamisha mtu mzima sasa pana mchanga mweupe, madimbwi, na safu kwa safu za vigingi vilivyounganishwa kwa kamba. Wanawake wameshafika. Wameteremka pamoja na maji, wakisogea kadiri yalivyokuwa yakipungua. Mmoja ameinama anafungua mwani uliokomaa na kuutia guniani. Mwingine amekaa kwenye maji ya kiunoni, kamba mpya mapajani, anafunga vishada vya mbegu kimoja kimoja, na kila kishada kina fundo lake. Soga zinaendelea na vicheko vinasikika, lakini mikono haisimami. Kisha maji yanageuka. Hakuna anayepiga kengele wala kuangalia saa. Mtu anahisi tu kwenye kifundo cha mguu kwamba maji sasa yanakuja. Kazi iliyobaki inamaliziwa kwa kasi, magunia yanaburutwa kuelekea pwani, na baada ya muda mfupi shamba lote halionekani.

Mwani ulianza kulimwa kibiashara Unguja mwaka 1989, kwa mbegu zilizotoka Ufilipino, na wengi mno wa wakulima wake ni wanawake. Hukomaa kwa wiki sita hivi. Maji makubwa, bamvua, huja mara mbili kila mwezi, mwezi unapoandama na unapokuwa mpevu. Katikati yake huja maji mafu, ambayo hayajai sana wala hayapwi sana, na mashamba mengi hubaki yamefunikwa. Hesabu yake basi ni fupi: kati ya kupanda na kuvuna, mkulima ana bamvua tatu. Kila bamvua ina siku chache za kazi, na kila siku ina saa chache. Asiyevuna kwa wakati wake, mwani wake hukatika ukachukuliwa na mawimbi, na hakuna ofisi ya kupeleka malalamiko.

Nimeianza sura hii kwa wanawake wa Paje kwa sababu naamini wanajua jambo ambalo vitabu vingi vya matumizi ya wakati havilisemi. Vitabu hivyo hutufundisha kwamba siku ina saa 24, kwamba kila saa ni sawa na mwenzake, na kwamba mtu hodari ni yule anayezijaza zote. Amka saa kumi alfajiri. Andika orodha. Usipoteze hata dakika tano. Mimi sikubaliani na mafundisho hayo, na sura hii ni maelezo ya kwa nini. Saa hazilingani. Saa mbili za maji kupwa siku ya bamvua si sawa na saa mbili za maji mafu, na mkulima anayezitazama zote kwa jicho moja atachoka bure kwa wiki nzima kisha akose mavuno. Wale wanawake hawaishi kwa pupa. Siku za maji mafu wanasuka ukili, wanalima, wanakwenda msibani na harusini, wanalala mchana kukiwa na joto. Hawajilaumu kwa kutokuwa baharini, kwa sababu bahari imefungwa. Lakini bamvua ikifika, hakuna cha "kesho nitakwenda."

Watu wa pwani walikuwa na elimu hii kwa karne nyingi, na hawakuihusisha na kupwa na kujaa peke yake. Walihesabu mwaka mzima kuanzia Nairuzi, ile Siku ya Mwaka ambayo Makunduchi bado wanaiadhimisha kila Julai kwa sherehe ya Mwaka Kogwa. Kuanzia siku hiyo walizigawa siku katika mafungu ya kumi kumi, yaani miongo, na baharia au mkulima aliweza kukuambia tuko katika mwongo wa ngapi, na kwa hiyo upepo gani unatarajiwa, mvua gani iko njiani, na mbegu gani iingie ardhini. Kaskazi ilileta majahazi kutoka Uarabuni, Ghuba na Bara Hindi kuanzia mwezi Desemba mpaka Machi. Kusi iliyarudisha kuanzia Aprili. Katikati ya mwaka kusi ilichacha mno na bahari kuu ikaachwa. Nahodha aliyekawia sokoni Lamu au Mombasa mpaka upepo ukampita hakuchelewa kwa siku moja. Alichelewa kwa miezi. Ilimbidi akodi nyumba, atafute kazi ya kumlisha yeye na mabaharia wake, asubiri upepo urudi.

Aliyelipia elimu hiyo kwa gharama kubwa kabisa ni Vasco da Gama. Alifika Malindi Aprili 1498, akapewa rubani aliyezijua pepo, akang'oa nanga tarehe 24 ya mwezi huo, kusi ikiwa inaanza. Kabla mwezi haujatimia alikuwa amefika pwani ya India, karibu na Calicut. Kurudi hakutaka kusikia habari za majira. Aligombana na wenyeji, akaondoka Calicut mwishoni mwa Agosti, na tarehe 5 Oktoba akaingia bahari kuu kabla kaskazi haijasimama. Bahari ileile, merikebu zilezile, sasa ikamchukua karibu miezi mitatu. Upepo ulikuwa wa mbele au haukuwapo kabisa. Mabaharia wakashikwa na kiseyeye, fizi zikavimba mpaka zikafunika meno, na watu wapatao 30 wakafa njiani. Walipofika Malindi Januari 1499 hawakubaki watu wa kutosha kuendesha merikebu zote tatu, na siku chache baadaye wakaichoma moto mojawapo, São Rafael, karibu na Mtang'ata, pwani ya Tanga. Haikuwa na kasoro yoyote iliyowalazimisha kuichoma ila kukosa mikono. Ukiuliza ni bidii iliyowapungukia, jibu ni hapana. Walitweka matanga, walihangaika, walifanya kazi mpaka kufa. Walichokosa ni kuanza safari wakati wa kuanza safari.

Sasa turudi mjini, tulikohamia wengi wetu. Huku hakuna bamvua wala kaskazi. Taa huwaka saa zote, maduka mengine hayafungwi, na Jumatatu ya Machi inafanana na Jumatatu ya Septemba. Ndiyo maana kila ifikapo Desemba utasikia sentensi moja kwenye daladala, ofisini, msikitini, kanisani: "Yaani mwaka umekwisha hivi hivi!" Anayesema hivyo hadanganyi. Kweli hajui umekwendaje. Na jambo hili limechunguzwa na wataalamu, kwa hiyo afadhali tulitazame kwa utulivu badala ya kulisikitikia.

Mfaransa mmoja, Paul Janet, alieleza mwaka 1877 kwamba mtu huupima mwaka kwa kuulinganisha na umri wake. Kwa mtoto wa miaka kumi, mwaka mmoja ni sehemu ya kumi ya maisha yake yote; kwa mtu wa miaka hamsini, mwaka huohuo ni sehemu ya hamsini. Ni hesabu nzuri na inakumbukika. Lakini kama ingekuwa ndiyo sababu yote, basi tusingekuwa na la kufanya ila kungoja miaka izidi kufupika. Mwanasaikolojia wa Marekani William James, aliyeitaja hesabu hiyo katika kitabu chake kikubwa cha mwaka 1890, hakuridhika nayo. Aliona kinachofupisha miaka ni kukosekana kwa mambo mapya. Ujana una mara ya kwanza nyingi, na kila mara ya kwanza hukaa kwenye kumbukumbu kwa sura yake. Ukubwani siku zinafanana, na siku zinazofanana kumbukumbu huzikunja pamoja. Ndiyo maana siku yenye mambo mengi hupita upesi lakini ukiitazama baadaye unaiona ndefu, na siku tupu hujikokota lakini ukiitafuta baadaye huioni.

Jaribio lililonishawishi zaidi kuhusu hili lilifanyika ndani ya pango. Tarehe 16 Julai 1962, kijana wa miaka 23 kutoka Nice, Michel Siffre, mtaalamu wa jiolojia, aliteremka katika pango la barafu la Scarasson, kwenye milima ya Alpi mpakani mwa Ufaransa na Italia, zaidi ya meta mia moja chini ya ardhi. Hakuwa na saa, redio wala mwanga wa jua. Alikuwa na hema, chakula, taa, na simu ya kuwaarifu wenzake juu ya pango kila alipoamka, alipokula na alipolala. Wao waliandika saa, lakini walikatazwa kumwambia. Kulikuwa na baridi na unyevu, nguo hazikukauka, na kitu pekee kilichobadilika ni vipande vya barafu na mawe vilivyoanguka gizani. Katika zoezi moja alitakiwa ahesabu kutoka moja hadi 120, kila tarakimu kwa sekunde moja. Yeye alidhani zimepita dakika mbili. Waliokuwa juu waliona dakika tano.

Tarehe 14 Septemba walimpigia simu kumwambia muda umekwisha. Hakuamini. Kwa hesabu yake ilikuwa tarehe 20 Agosti. Siku 25 zilikuwa zimetoweka.

Sehemu ya kisa hiki inayosimuliwa mara chache ndiyo inayonigusa. Rekodi za simu zilionyesha kwamba mwili wake haukupotea. Ulilala na kuamka kwa mzunguko wa saa ishirini na nne na nusu hivi, siku baada ya siku, kwa uaminifu mkubwa. Mwili ulizihesabu siku zote. Kumbukumbu ndiyo iliyokosa pa kuzishikia. Na mtu anayeamka gizani, akapanda basi gizani, akashinda chini ya taa za ofisi, akarudi kwenye foleni jioni huku macho yakiwa kwenye simu, kisha akalala, hayuko mbali sana na pango la Scarasson. Mwili wake unazeeka kwa uaminifu. Ila akiulizwa wiki ya pili ya mwezi uliopita ilikuwa na nini, hana jibu.

Hapa nataka kuwa mwangalifu, kwa sababu mahubiri kuhusu wakati huumiza wasiostahili kuumizwa. Mama anayeamka saa tisa usiku kukanda unga wa chapati, akauza mpaka saa nne, akaenda kufua nguo za watu, akarudi kupikia watoto, hahitaji mtu wa kumwambia atumie wakati vizuri. Wakati wake umetumika, tena umetumiwa na wengine. Siwezi kumpa saa zaidi. Ninachoweza kusema kwake na kwangu ni kwamba hata katika siku iliyobanwa hivyo, mambo hayana uzito mmoja, na machache yana bamvua yake. Hayo ndiyo ya kuyajua kwa majina.

Mtoto wa miaka minne anayeuliza maswali bila kupumzika ni mojawapo. Muda wake ni mfupi. Baada ya miaka michache ataanza kuyapeleka maswali hayo kwa wenzake, na baba atakayekuwa amepata nafasi wakati huo atakuta mlango umerudishwa. Waswahili wamelisema kwa ukali wao: chelewa chelewa utamkuta mwana si wako. Mwili unaoweza kupanda mlima ni jambo la namna hiyo. Kuomba radhi ni jambo la namna hiyo pia, kwa sababu anayeombwa radhi naye ana siku zake. Lakini katika yote, ninalolililia zaidi ni wazee, na hapo ndipo ninapotaka kukaa.

Siti binti Saad alizaliwa Fumba, Unguja, karibu na mwaka 1880, katika nyumba ya kimaskini. Alijifunza ufinyanzi, akawa anatembeza vyungu mjini akiviuza, na sauti ya kuviitia wanunuzi ndiyo iliyomjulisha kwa watu. Mwaka 1911 akahamia mjini. Akafundishwa kuimba kwa ala, akajiunga na wapigaji hodari, na taarabu iliyokuwa ikiimbwa kwa Kiarabu katika majumba ya wakubwa akaiimba kwa Kiswahili, mbele ya watu wa mtaa wa Ng'ambo, kuhusu mahakama, wizi, mapenzi na dhuluma za mji ule. Mwaka 1928 alisafiri hadi Bombay kurekodi santuri, na santuri hizo zikafika kila pwani inayosema Kiswahili. Alifariki Julai 1950.

Hakuandika kitabu cha maisha yake. Yote aliyoyapitia kabla ya kuwa maarufu, habari za Fumba, za vyungu, za kudharauliwa na kuinuka, alikuwa nayo kichwani, na mwaka 1950 kichwa hicho kilikuwa karibu kuzimika. Miezi michache kabla ya kifo chake, mwandishi Shaaban Robert alikwenda kumwona. Akamuuliza, akamsikiliza, akaandika. Kutokana na mazungumzo hayo tuna *Wasifu wa Siti binti Saad*, na karibu kila anayesimulia utoto wa Siti leo, ajue asijue, anachota humo.

Fikiri jinsi nafasi ile ilivyokuwa nyembamba. Shaaban Robert alikuwa mtumishi wa serikali Tanganyika, mwenye mwajiri, familia, na maandishi yake mwenyewe yaliyokuwa yakimngoja. Siti alikuwa ng'ambo ya bahari, Unguja. Ingekuwa rahisi kabisa kusema ataonana naye mwaka ujao akipata likizo nyingine. Hakuna mtu ambaye angemlaumu, kwa sababu hakuna ambaye angejua kilichopotea. Na hilo ndilo baya la kuwachelewa wazee: hasara yake haina kelele. Mwani ukichukuliwa na maji utaona kamba tupu. Mzee akiondoka na habari zake, wewe hata hujui ni habari gani zimeondoka.

Nimeketi na wazee wengi kwa ajili ya kazi yangu ya uandishi, na kuna mambo nimeyaona yakifaa. Usimwambie bibi, "Shikamoo, naomba unieleze historia yako." Atanyamaza, au atakupa mwaka wa kuzaliwa na idadi ya watoto, kwa sababu umemuuliza kama karani wa sensa. Muulize nyumba aliyozaliwa ilikuwa na vyumba vingapi na nani alilala wapi. Muulize maji yalitoka kisima gani, na njiani walipita kwa nani. Muulize nani alimfunza kupika, na chakula gani alikiunguza. Muulize siku ya harusi yake mvua ilinyesha au haikunyesha. Mtu mwenye umri wa miaka themanini anayesahau amekula nini asubuhi anaweza kukutajia rangi ya leso ya mama yake katika siku fulani, na kutoka kwenye leso hiyo akaingia kwenye habari ya safari, deni, ugomvi wa shamba, ndugu aliyepotelea bara. Usimkatize kumsahihisha tarehe. Usimharakishe. Shangazi mmoja wa upande wa baba yangu alikuwa akianza kusimulia baada tu ya kupewa kazi ya mikono. Ukimketisha kitako akutazame, hana neno. Ukimpa mchele achambue, hamalizi. Na nenda mapema mchana, kwa sababu jioni wazee huchoka na wageni huzidi.

Simu iliyo mfukoni mwako ina kinasa sauti. Ni kifaa ambacho Shaaban Robert hakuwa nacho. Yeye alikuwa na kalamu na masikio. Tunazo sauti za Siti kwa sababu kampuni ya santuri ilikuwa na faida ya kuzichukua. Sauti ya bibi yako haina kampuni ya kuitafuta. Ni wewe au si yeyote.

Nimemtaja Shaaban Robert kwa jambo moja tu alilofanya, lakini maisha yake yote yanafaa kutazamwa na mtu anayesema hana wakati. Alizaliwa Januari 1, 1909, Vibambani, karibu na Machui, Tanga. Alisoma Dar es Salaam, na mwaka 1926 akaajiriwa kuwa karani wa forodha, kazi aliyoifanya mpaka 1944. Baada ya hapo akahamishiwa idara ya wanyamapori, kisha ofisi ya wilaya Tanga, kisha idara ya upimaji ardhi. Miaka zaidi ya thelathini ya majalada, mihuri na uhamisho. Hakupata kuishi kwa kalamu yake peke yake katika miaka hiyo. Alifiwa na mkewe Amina akaachwa na watoto. Na bado aliandika riwaya, insha, mashairi na tenzi kwa wingi ambao mtu asiye na kazi nyingine angeuonea fahari. *Utenzi wa Vita vya Uhuru*, unaosimulia Vita vya Pili vya Dunia, una beti zipatazo 3,000. Sijui mtu anaziandikaje beti 3,000 baada ya kutoka kazini, lakini hesabu yake naiweza: ukiandika beti nne kila usiku, ni usiku 750, yaani miaka miwili na zaidi kidogo. Beti nne ni mistari kumi na sita mifupi. Kwa mtu aliyekwisha kuizoea bahari ya utenzi, ni kazi ya kama saa moja kwenye taa.

Katika maandishi yake kuna tenzi mbili ambazo kwangu ndizo zinazoonyesha vizuri zaidi kwamba alijua lipi lina majira. *Utenzi wa Hati* aliuandika kwa ajili ya binti yake na *Utenzi wa Adili* kwa ajili ya mwanawe wa kiume. Alikuwa na riwaya za kuandika na mashindano ya kushiriki. Akazitoa saa zake kuwaandikia watoto wawili mambo aliyotaka wakue nayo, wakiwa bado wa umri wa kuongozwa. Leo tenzi hizo zinasomwa na maelfu ambao si watoto wake, lakini hakuanza na maelfu.

Alifariki Juni 1962, akiwa na miaka 53. Tunapofikiria mtu aliyeacha urithi mkubwa tunamdhania mzee wa miaka themanini. Huyu hakufika hata sitini. *Kufikirika*, *Utubora Mkulima* na *Siku ya Watenzi Wote* vilichapishwa baada ya yeye kuondoka. Maana yake ni kwamba aliandika bila kungoja mchapishaji awe tayari. Kuandika kulikuwa mikononi mwake na kuchapa hakukuwa, naye akatimiza lile lililokuwa lake.

Kuhusu simu nitasema kidogo, kwa sababu kila mtu ameshasema mengi. Tatizo la kuperuzi video fupi kwa saa mbili usiku si saa mbili zenyewe. Mtu aliyechoka ana haki ya kupumzika, na wale wanawake wa Paje hulala mchana. Tatizo ni kwamba asubuhi hukumbuki hata video moja. Umepita mia, na kumbukumbu haikupata pa kushika, kama Siffre na barafu yake gizani. Pumziko la kweli huacha kitu. Mazungumzo barazani na kahawa chungu huacha kitu: nani alisema nini, nani alicheka, nani hakuwapo. Kwa hiyo mimi siwashauri watu wazime simu zao kabisa. Nawashauri kila wiki wawe na jambo moja ambalo litaitofautisha wiki hiyo na nyingine. Mtembelee mtu usiyemtembelea. Panda gari la njia usiyoijua na ushuke kituo cha mwisho. Pika kitu cha kwenu ambacho umekuwa ukikinunua. Na Jumapili jioni, kabla ya kulala, liandike jambo hilo kwenye daftari kwa mstari mmoja, pamoja na tarehe. Ikifika Desemba utakuwa na mistari hamsini, na utauona mwaka wako ulikopita.

Linabaki swali ambalo wasomaji wenye umri wangu huniuliza kwa sauti ya chini: na sisi ambao maji yetu yamekwisha kupwa? Aliyetaka kusoma akaolewa akiwa na miaka kumi na sita. Aliyetaka kuimba akaambiwa ni uhuni. Aliyefanya kazi asiyoipenda kwa miaka ishirini na mitano kwa sababu wadogo zake walihitaji ada. Siwezi kumwambia mtu huyo kwamba hakupoteza kitu. Amepoteza, na baadhi ya mambo hayarudi. Yule anayempiga mgongoni akimwambia "hujachelewa" bila hata kumuuliza ni nini alichokitaka, hamtendei wema.

Lakini bamvua huja mara mbili kila mwezi. Ile ya leo ikipita, hutaipata tena hiyo. Utapata nyingine, yenye siku zake na kazi zake, na huenda mkono wako sasa umejua kufunga fundo upesi zaidi. Siti alipohama Fumba kwenda mjini alikuwa na miaka kama thelathini na moja, mwanamke aliyetoka shamba, bila mali, bila jamaa wakubwa, katika zama ambazo mwanamke wa umri huo alihesabiwa amekwisha kuingia utu uzima wa nyumbani. Akaanza kujifunza kuimba kwa ala mwanzo kabisa. Alipopanda meli kwenda Bombay mwaka 1928 alikuwa na umri wa karibu miaka 48, na santuri zinazosikika mpaka leo ni za sauti ya umri huo. Ile ya msichana wa Fumba aliyekuwa akiitia vyungu hakuna aliyeirekodi.

Waliofuata nyayo zake wakaja baadaye. Mmoja wao, Fatuma binti Baraka, ambaye dunia inamfahamu kwa jina la Bi Kidude, aliimba jukwaani Ulaya na Uarabuni akiwa bibi kizee, na aliendelea kuimba na kupiga msondo mpaka karibu na kifo chake Aprili 2013.